Kwa Nini Mahindi ya Mferejini Yana Madoa

Mnayacheka mahindi ya shamba la Mferejini, mnasema yamevaa khanga. Chekeni tu. Zamani yalikuwa meupe pepepe, punje ya kwanza hadi ya mwisho. Siku hizo huku milimani Upare kila nyumba ilikuwa na mbegu yake, hawa nyeupe, wale nyekundu, wengine ya njano, na mbegu ya mtu haikuvuka mpaka. Kuomba mbegu ilikuwa aibu, na kuigawa ilikuwa wazimu. Tena shamba ambalo mvua ya kwanza ililikuta halijapandwa, wazee walilichukua wakampa mwingine.

Mwaka mmoja Mbonea, kijana wa Mferejini, alioa binti wa tambarare aitwaye Nakijwa. Alikuwa mchapakazi, na alitamani sana kupendwa na mama mkwe wake, Namkunda, mjane wa maneno machache na macho makali. Kwao Nakijwa mbegu iliwekwa kwenye vibuyu pamoja na majivu. Huku mlimani ilitundikwa juu ya jiko, moshi uwafukuze fukusi. Hakuna aliyemwambia. Nani angedhani mtu mzima hajui?

Siku ya kulima majirani walikuja na majembe yao kama ilivyo desturi, na Namkunda akaenda nao shambani. Bibi harusi akaachiwa jiko. Alitafuta mahindi ya kupikia kande, akakuta ghalani mmebaki vumbi. Akainua macho, akaona mahindi meupe yametundikwa juu ya jiko, makavu, manono. Maskini, moyo ukamtulia. Akayapukuchua yote, maana hakutaka wageni waseme nyumba ile ni ya mabahili. Kande ikatokota hadi jua likapinda. Watu wakala, wakaramba vidole, wakamsifu, naye Nakijwa akacheka kwa mara ya kwanza tangu aolewe.

Namkunda akaingia jikoni kufuata chumvi, akatazama juu. Hakupiga kelele. Alikaa kwenye kigoda, akasema, "Mwanangu, ile ilikuwa mbegu."

Nje mawingu yalikuwa yanajikusanya, na shamba ambalo Mbonea alirithi kwa baba yake, na baba yake kwa babu, lilikuwa linakwenda kwa sababu ya chungu kimoja. Nakijwa akafunga nguo zake kwenye kaniki ili aondoke kabla hajafukuzwa. Lakini hakutorokea nyuma ya nyumba, huyo binti. Alisimama mbele ya wageni, furushi begani, akawaambia alichokifanya huku machozi yakimtiririka.

Mzee Sekiete, jirani wa shamba la chini, ambaye hakuwahi kumpa mtu hata moto wa kuwashia, akaweka bakuli lake chini.

"Keti, binti," akasema. "Mbegu hukuila wewe. Tumeila sisi, na mimi niliomba niongezwe."

Akaenda kwake, akarudi amefumba ngumi. Alipoifumbua mlikuwa na punje nyekundu. Wengine wakatazamana, kisha mmoja mmoja wakaenda makwao, wakarudi na za njano, na za zambarau, na nyeupe za nyumba nyingine. Namkunda akalitwaa furushi begani mwa mkwewe, akazimwaga nguo kitandani, akaitandaza kaniki ili mbegu ziwekwe humo.

Walipanda hadi giza likaingia, na mvua ikawakuta wamemaliza. Mavuno yalipokomaa, kila hindi lilikuwa na rangi zote. Namkunda alilishika la kwanza, akaligeuzageuza, akampa Nakijwa alitundike mwenyewe juu ya jiko.

Na tangu siku hiyo mahindi ya Mferejini yana madoa, na shamba halijatoka mikononi mwa ukoo ule. Siku ya kulima anayepika ni bibi harusi mgeni kuliko wote, naye hupika mbegu, yote. Majirani huja kula wamefumba ngumi. Na kabla hajapakuliwa, kila mmoja huifumbua juu ya kaniki.