Bi Raihana na Mchawi wa Tufani

Wamesimulia waliotutangulia, na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi, kwamba mji wa Tahuna, uliokuwa juu ya mlima, ulizingirwa na jeshi la Mfalme Qaymazi. Jeshi hilo halikuja na ngazi za kukwea ukuta. Lilikuja na mchawi mmoja, Ghalbuni, aliyejua kuifunga tufani katika mafundo ya kamba na kuifungua atakapo.

Siku ya kwanza alifungua fundo, ikanyesha mvua ya mawe makubwa kama mayai ya bata, mapaa yakatoboka. Siku ya pili upepo uling'oa miti na mizizi yake. Siku ya tatu radi ilipasua lango la mashariki, na watu kumi na mmoja wakafa mashahidi.

Ndani ya mji alikuwamo mjane mshona mahema, Bi Raihana binti Idrisa. Zamani, kabla Mola wake hajamwongoa, alikuwa mwanafunzi wa Ghalbuni. Kisha alitubu, akazichoma kamba zake, akaweka ahadi kwamba mkono wake hautafunga tena fundo la sihiri mpaka aingie kaburini. Miaka ishirini na miwili aliitunza ahadi hiyo, na mjini hapakuwa na aliyeijua habari yake ila Amiri, mtawala wa mji.

Amiri alimwita, akamsihi aujibu upepo kwa upepo. Alimweleza kwamba ukuta hautastahimili siku mbili zaidi, na kwamba dharura huhalalisha yaliyoharamishwa. Bi Raihana alimsikiliza hadi mwisho. Vidole vyake vilikuwa bado vinakumbuka kila fundo, na alijua angeweza kuliangamiza jeshi lile kabla ya adhuhuri.

"Amiri," alisema, "Niliyemwahidi ananisikia. Sitafunga fundo. Lakini nifungulie mlango mdogo wa ukuta, niwaambie askari wale jambo wasilolijua. Mchawi wa mvua hana mvua yake, huiba. Mawe anayotuteremshia huku huyatoa katika mawingu ya nchi ya huyo aliyemtuma."

"Na watakuamini vipi?"

Hilo ndilo Bi Raihana alilokuwa akiliogopa kuliko radi. Ili aaminiwe, ilimbidi aseme amelijuaje. Katika ujana wake, mkuu wa Bonde la Hala alimtuma awapige maadui zake kwa tufani. Aliwapiga, na bonde likakauka miaka minne. Waliosalia walihamia Tahuna, nao hawakujua kamwe ukame ule ulitoka wapi. Mmoja wao alikuwa Bi Ghaniya, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliyezika watoto wawili kwa kiu.

Hakutaka Bi Ghaniya alisikie neno hilo kwa watu. Alikwenda kwanza mlangoni kwake, akamweleza yote akiwa amesimama, bila kujipunguzia hata chembe. Bi Ghaniya akaufunga mlango.

Basi Bi Raihana akapiga bismillahi, akatoka nje ya ukuta peke yake, akasimama mbele ya safu za mikuki. Akawaambia askari kwa sauti kuu kwamba kila tone linaloanguka Tahuna limeibwa mashambani kwao. Akawaeleza na dhambi yake ya Hala, watu wa mji wakisikia kutoka juu ya ukuta.

Ghalbuni akacheka, akasema huyu ni kizee aliyetumwa kuwahadaa, na ni nani atakayemshuhudia.

"Mimi nashuhudia," ilisema sauti kutoka ukutani. Alikuwa Bi Ghaniya. "Mimi ni wa Hala. Nimezika wawili."

Kisha mpiga upinde mmoja mtu mzima akasema kwamba mkewe amempelekea habari kuwa kisima chao kimekauka tangu vita vianze. Wa pili akasema na kwao vivyo hivyo. Kumbe kila mmoja alikuwa ameificha habari hiyo kifuani, akidhani ni msiba wa nyumba yake tu. Ghalbuni alipoupeleka mkono kwenye kamba, askari wake mwenyewe waliushika. Kabla ya alasiri walikuwa wamezichoma kamba zote, wakang'oa mahema, wakarudi makwao.

Bi Raihana alipopita langoni, Bi Ghaniya alimwambia, "Nimeshuhudia kwa kuwa ni kweli. Kusamehe ni jambo jingine."

Bi Raihana hakumbembeleza. Aliendelea kuwashonea turubai waliotobokewa na mapaa, akianza na nyumba za watu wa Hala, na kila baada ya swala akimwomba Mola wake. Miezi saba ikapita. Siku moja Bi Ghaniya alikuja, akaketi pembeni mwa turubai.

"Nimekusamehe kwa ajili ya Mwenyezi Mungu," alisema. "Moyo bado unauma. Lakini ulimi umetangulia, na moyo utaufuata."

Tuzingatie, enyi waja wa Allah. Toba ya Bi Raihana ilikuwa ya kweli tangu siku alipochoma kamba. Lakini haki ya mja ilibaki kwa mja, wala haikutoka kwake mpaka alipoambiwa ukweli na kupewa muda wa kuumia. Mola wetu atujaalie ujasiri wa kuyasema yale ambayo kuyaficha kunawadhuru wenzetu, na subira ya kungoja tusamehewe. Amin.