Tuta la Bi Sikudhani

Shauri la Umiliki, Utunzaji na Urithi wa Tuta Moja la Mchicha wa Maji Lililoko Baina ya Karo la Kufulia na Ukuta wa Bafu. Ndivyo lilivyotangazwa, kwa sauti ya kufungulia bunge, na Bwana Mfaume, Mjumbe wa nyumba kumi. Lakini tusianzie kwa Mjumbe. Mjumbe mwenyewe hupenda kuitwa.

Hapo zamani, zamani ya juzijuzi tu, mche wa sabuni ulipokuwa ukikatwa vipande dukani, aliishi Tanga mjini bibi mmoja, Bi Sikudhani. Alipanga chumba katika nyumba yenye ua mmoja, bomba moja, na wapangaji wasiokosa la kusema. Kando ya karo, mahali pekee uani pasipokauka kiangazi, alikuwa na tuta la mchicha wa maji: ule wenye shina tupu kama mrija, unaotambaa kama matembele na kuota popote palipolowa.

Binti yake akajifungua Muheza. Bi Sikudhani akawaita wapangaji watatu.

"Naenda kumlea mzazi. Arobaini ikiisha nitarudi kuchukua vyombo vyangu, nihamie huko moja kwa moja. Nikiukuta mchicha hai, aliyeutunza namwachia tuta. Mmoja. Sitaki ubia, nawajua."

Kiangazi kilikuwa kinaingia, na viwanja vyao vya upande wa jua vilishageuka vumbi. Kila mmoja alilitaka tuta lile. Kila mmoja akasema, "Nenda salama, bibi." Kila mmoja akaapa.

Arobaini ikaisha. Bi Sikudhani akarudi, akasimama karoni, akashika kiuno. Mchicha umefunga tuta lote, majani mapana, mashina yanavunjika kwa kucha. Ila katikati imesimama mibamia, pembeni pote umezunguka mchaichai, na humo ndani vimechomoza vitunguu majani, kama watoto wa jirani kwenye sinia la watu.

Ndipo akaitwa Mjumbe, naye akaja na kiti chake.

"Mlalamikaji wa kwanza!"

"Mimi silalamiki, nadai," alisema Mzee Chande wa chumba cha mbele, tarishi mstaafu. "Mibamia ni yangu. Jua la saa sita lingeubabua mchicha, mibamia ikaupa kivuli. Na maji, asubuhi na jioni, nilimwaga mimi."

"Ulimwagia bamia zako!" Bi Mwanamvua wa chumba cha kati akamkata. "Umevamia tuta la mwenzio akiwa safarini, mchicha ukaramba mabaki."

"Uliramba, lakini ulishiba."

Bi Mwanamvua akajifunga kanga upya. "Haya, na mimi nadai. Mchaichai ni wangu. Pale pana mteremko. Bila mchaichai, maji ya mzee huyu yangeishia bafuni, na kuku wa nyumba ya pili wangeufyeka mchicha wote."

Tunu, mpangaji wa tatu, mke wa mchoma mikate, akacheka. "Shoga, si ulisema mwenyewe unapanda ukuta, mchicha wa ajuza usitambae hadi kwenye kamba yako ya nguo?"

"Nilisema. Kwani ukuta haukuzuia maji?"

"Ajuza?" akauliza Bi Sikudhani.

"Kwa mapenzi, bibi."

"Neno 'ajuza' liondolewe katika kumbukumbu za shauri," akaamuru Mjumbe, ingawa hapakuwa na mtu aliyekuwa akiandika.

Ikawa zamu ya Tunu. "Vitunguu ni vyangu. Harufu yake iliwafukuza vidukari, wale wadudu wanaonyonya majani. Tena niliukata ncha kila mara. Mchicha wa maji usipokatwa hurefuka tu kama kamba. Ukikatwa, hutoa matawi."

"Hizo ncha ulizipeleka wapi?" akauliza Mzee Chande.

"Jikoni."

"Na vitunguu?"

Tunu akatazama kucha zake. "Nilivichomeka kwenye mapengo. Nisijulikane."

Ua mzima ukacheka. Mjumbe akakohoa. "Kwa hiyo tunao mvamizi, mchoyo na mwizi."

"Na mchicha hai," akasema Bi Sikudhani.

Akaufikiria. Bila maji ya Chande, ungekauka. Bila mchaichai wa Mwanamvua, maji yasingekaa. Bila mkono mrefu wa Tunu, ungeliwa na wadudu. Na katika wote watatu, hakuna hata mmoja aliyemfikiria yeye. Tena atakayepewa tuta atakuwa na haki ya kung'oa vya wenzake.

"Nashauri iundwe kamati ndogo," akasema Mjumbe.

Nje, gari la Muheza likapiga honi.

"Kamati yako haitapanda gari hili," akasema Bi Sikudhani, akajitwika furushi.

Kilichotokea ni hiki: akiwa mlangoni alitaja jina moja, akapanda gari, akaenda zake. Wawili walinuna. Aliyetajwa hakung'oa cha mtu.

Jina silisemi, nikilisema mtagombana na mimi, na mimi nimechoka. Haya, ninyi mliokaa hapa: mvamizi aliyenywesha, mchoyo aliyezuia, mwizi aliyekata. Mngekuwa Bi Sikudhani, honi inalia na furushi liko kichwani, mngemtaja nani? Nani hasa alistahili lile tuta?