Maziko Hayakumsubiri

Ndugu zangu, mfano huu nimeutunga mwenyewe. Nasema mapema, asije mtu akanishika kanzu mlangoni kuniuliza nimeutoa kitabu gani. Tujaalie tu kwamba zama zimefika, watu wanaihama dunia hii na kwenda kukaa sayari nyingine, kama leo vijana wetu wanavyohamia mijini. Na msigune! Babu zetu wangeambiwa kwamba mtu atakaa sebuleni azungumze na mwanawe aliye ng'ambo, tena anamwona na uso, wangesema huyu mgonjwa, msomeeni.

Basi palikuwa na bwana mmoja, fundi wa mitambo, mtu wa swala na mtu wa kazi yake. Baba yake alifariki ghafla, siku ya jua kali, na yeye yuko mkoa wa mbali. Akampigia simu kaka yake: "Kaka, nakuomba, msimzike mzee kabla sijafika. Nataka nimwone uso." Kaka yake akamjibu, "Njoo, mdogo wangu. Tutakusubiri." Bahati mbaya gari likamharibikia njiani. Anafika, magharibi imeshaadhiniwa, watu wanatoka makaburini wanakung'uta udongo. Kaka yake akamwendea ameinyoosha mikono. Yule bwana akarudi nyuma, akasema mbele za watu, "Umemzika baba yangu kama hana mwana mwingine. Kuanzia leo mimi na wewe hatujuani." Akageuka akaenda zake. Hata hitima hakukaa.

Na moyo wa binadamu ukishashika kinyongo mnaujua. Alihama mtaa, akaona haitoshi. Akahama mji, na huko nako watu wakawa wanamuuliza, "Kaka yako hajambo?" Siku lilipotoka tangazo kwamba wanatakiwa mafundi wa kwenda kukaa ile sayari nyekundu, alikuwa wa mwanzo kujiandikisha. Wenzake walikwenda kwa elimu, wengine kwa riziki. Yeye alikwenda ili asikutane na kaka yake sokoni. Subhanallah! Mtu anavuka mbingu kumkimbia mtoto wa mama yake!

Sasa huko sisemi ni pabaya, maana Mwenyezi Mungu hakuumba kitu bure. Lakini maisha ya huko ni kazi. Hewa haivutiki, inatengenezwa na mtambo. Maji ni barafu iliyo chini ya ardhi; uichimbe, uiyeyushe, ndipo unywe. Nyumba zimefukiwa udongo juu kwa sababu mionzi ya huko inaua, na mchicha unaota ndani chini ya taa. Mtambo wa hewa ukikohoa kidogo tu, watu wote roho juu. Yule bwana ndiye aliyekuwa tabibu wa mtambo huo, basi wakampenda, wakamfanya mkubwa wao. Akajiambia, alhamdulillahi, sasa nimepumzika.

Isipokuwa kwenye swala. Kwa sababu Kaaba iko wapi? Iko duniani. Na dunia, ukiwa kule, ni nyota tu, tena ndogo. Kwa hiyo wakitaka kuswali huangalia kwanza dunia iko upande gani, wakaielekea. Kila siku mara tano yule bwana anasimama kuelekea kulekule alikotoka mbio. Anajitahidi, anakaza kusoma, na sura ya kaka yake inamjia palepale kwenye Alhamdu. Anasema, "Shetani huyu." Ndugu zangu, si kila kinachokusumbua kwenye swala ni shetani. Kingine ni haki ya mtu.

Huko alipata rafiki, mzee mmoja ambaye ndiye aliyewalimia mboga zao. Mzee yule alikuwa na mwanawe, mtu mzima mwenye ndevu zake, dereva wa gari la kuchota barafu, na barafu yenyewe iko mbali. Siku moja mzee akaanguka kwenye matuta yake, akafariki. Wakampata mwanawe kwa redio. Akalia, akasema, "Ami, nageuza gari sasa hivi. Nakuomba mnisubiri, nimwone baba yangu." Yule bwana akamwambia, "Njoo, mwanangu. Tutakusubiri."

Mmesikia alivyosema?

Wakamwosha maiti kwa maji kidogo waliyonayo, wakamkafini, wakachimba kaburi, wakangoja. Mara wakaona upeo wa macho umegeuka kahawia. Tufani la vumbi hilo, na la huko si la kusema litapita kesho. Likishuka linakaa majuma na majuma, hakuna wa kutoka nje. Jamaa wakamzunguka mkubwa wao. Mmoja akasema, "Mkubwa, likitukuta hatujazika, tutafungiwa ndani na maiti, na pumzi yetu sote ni moja." Akajibu, "Tungoje kidogo." Wakangoja. Kaganda kwenye kidirisha cha lango, anatafuta taa za gari. Hakuna taa. Wakamwita tena, safari hii kwa ukali, "Mkubwa, unatuua!" Aliumia yule bwana, wallahi aliumia. Kisha akasema, "Mbebeni."

Wakamlaza ubavu wa kulia, uso wakauelekeza ilikokuwa dunia, wakamfukia. Wamerudi tu, hata lango halijafungwa sawasawa, gari likatokea mbele ya tufani. Mwana akaingia, akavua kofia ya pumzi, akaiona machela tupu.

"Ami, si uliniambia mtanisubiri?"

Yule bwana akanyoosha mikono amkumbatie. Kijana akarudi nyuma. "Umemzika baba yangu kama hana mwana!"

Yule bwana akaishusha mikono yake. Alitaka kumwambia, mwanangu, nimekusubiri mpaka watu wameniona mwendawazimu. Lakini maneno yale aliyajua. Yalikuwa yake. Aliyasema yeye, siku ya maziko ya baba yake, na wala hakutazama yalivyomwingia aliyeambiwa.

Lakini dereva yule alimshinda mkubwa wake kwa jambo moja. Alikaa chini, akalia akashiba, kisha akainua uso akauliza, "Ami, ilikuwaje?" Akaelezwa. Akamshika mkono, wakalia wote wawili, yakaisha.

Tufani lilipopungua, mawasiliano yakarudi. Yule bwana akatuma sauti yake duniani: "Kaka, ni mimi. Siku ile ya baba, ilikuwaje?" Huko kusema ni kusema na kungoja, maneno yanasafiri kwanza. Akangoja. Sauti ikaja, ya mtu aliyezeeka.

"Mdogo wangu, nilikusubiri. Tuliweka jeneza mlangoni mwa msikiti tangu adhuhuri, jua linawaka, wazee wananisema. Tulipofika makaburini nikaingia mwenyewe kaburini, nikakaa humo, nikasema hafukiwi mtu hapa mpaka mdogo wangu aje. Wajomba zetu wakanitoa kwa nguvu. Nilikuja na mikono yangu nikueleze, ukageuka. Nikasema ipo siku ataniuliza. Hukuniuliza."

Alilia bwana yule, mwanamume mzima, mpaka akapaliwa. Wakasameheana, naam, lakini kwa sauti tu. Mkono wa kaka yake hakuushika tena mpaka kufa kwake, kwa sababu waliokwenda kule walikwenda moja kwa moja. Hakuna chombo cha kuwarudisha.

Sasa sisi je? Sizungumzi dhidi ya safari. Wenye elimu na waende, na Mungu awafungulie, huenda wajukuu zetu wakazaliwa huko. Mimi nasema na sisi tulio hapa. Chombo kinachopanda mbinguni kinapima kila unachobeba, lakini kinyongo hakina uzito kwenye mizani yao. Utapita nacho, utafika nacho, utalala nacho. Unahama nini, ndugu yangu? Umemkasirikia mtu miaka, umeshamhukumu, umeshamfunga. Ulimuuliza? Ulimpa nafasi ya kusema ilikuwaje? Au ulijua mwenyewe kila kitu, umekuwa Mungu?

Na humu ndani, nisameheni, nawajua wawili. Sitawataja. Mmoja hupita mlango wa uani kwa sababu mwenzake hupita wa barabarani. Mmoja akikaa mbele, mwingine anarudi nyuma. Watoto wa mama mmoja! Baina yenu hakuna tufani, hakuna sayari, hakuna maneno ya kungojea. Kuna mkeka.

Haya, inukeni tusimamishe swala. Nyoosheni safu, zibeni mapengo. Wewe, muadhini, usikimu kwanza. Mimi bado sijageuka, nawatazama wawili hao. Mmoja wenu ahame mahali alipo, asimame ubavuni kwa nduguye, ndipo tuswali.