Mstari Mmoja Kwenye Fomu

Hapo zamani, ila si zamani sana, maana reli ilikuwepo na fomu zilikuwepo, aliishi Mzee Chilongani. Kwa miaka thelathini na moja alitembea relini peke yake, akigonga vyuma kwa nyundo na kusikiliza kama vimelegea. Mkewe alifariki mapema, na hawakujaliwa watoto. Alipostaafu alijaza fomu ya mafao, mistari yote isipokuwa mmoja: Mtu wako wa karibu. Aliufikiria siku nzima, akauacha wazi.

Mwaka wa kwanza mfuko wa pensheni kimya. Wa pili kimya. Wa tatu kimya. Akauza baiskeli, akauza kitanda, akalala mkekani. Upweke wenye njaa, jamani, msiuombe.

Bi Nyemo, jirani muuza maandazi, aliona mlango wa mzee haujafunguliwa siku ya tatu. Akabisha hodi, akaingia, akamkuta hoi. Akamlisha miezi minane bila kuuliza atalipwa lini, kisha akampeleka kwa wakili.

Wakili Rwegoshora aliandika barua ya madai, akawapa mfuko siku thelathini. Zikapita bila jibu. Akafungua kesi bila ada, akadai mafao yote na riba kwa kila mwezi uliocheleweshwa. Mara kumi na moja kesi iliahirishwa, mara kumi na moja alirudi, huku wateja wake wanaolipa wakimhama.

Mfuko ukasema faili halikuwahi kufika. Mzee hakuwa na nakala, na kesi ilikuwa inakufa. Ndipo akasimama Pazi, karani wa mfuko huohuo, na faili mkononi.

"Mheshimiwa, lilifika," akasema. "Niliona mstari mmoja uko wazi, nikalitia kwenye kabati la fomu pungufu. Nilipaswa kumwita mzee nimuulize. Sikumwita."

Mzee akashinda. Pazi akafukuzwa kazi.

Kabla ya kulipwa, mzee akaletewa fomu mpya. Bi Nyemo, wakili na Pazi wakaketi naye nyumbani. Mzee akataka kuwagawia riba, wote wakakataa. Lakini alipofika kwenye ule mstari, kalamu ikasimama.

Bi Nyemo akasema, "Niandike mimi. Nilibisha hodi wakati hakuna aliyekuwa akibisha."

Wakili akasema, "Mzee wangu, baba yangu alikufa akisubiri mafao kama haya, na hakupata wa kumpigania. Niandike mimi, nipate tena wa kumwita baba."

Pazi akasema, "Mimi ndiye niliyekutesa, mzee. Sasa sina kazi, na hodi kwangu hakuna anayebisha. Nikipewa fomu kama hiyo leo, mstari huo nami nitauacha wazi."

Mzee Chilongani akawatazama, machozi yakamtoka. Miaka yote hakuwa na jina hata moja la kuandika. Sasa anayo matatu, na mstari ni mmoja.

Haya, nyinyi mliokaa mkanisikiliza, kalamu hii hapa. Je, nani alistahili kuandikwa?