Kakakuona na Shauri Lisilosomwa

Wenye masikio, mpo?
— Tupo, na masikio tumeyaleta.
Nina jambo zito.
— Litue, tulibebe pamoja.

Hapo kale, wanyama walipokuwa na serikali yao, Kakakuona alikuwa mlinzi wa kisima cha mashariki. Alikilinda viangazi ishirini. Alizoa majani, alitengeneza kingo, alipanga zamu za kunywa. Alitamani jambo moja tu: awe Mkuu wa Visima, ili akichimbe kisima cha magharibi mpaka kwenye maji ya kudumu. Huko waliishi jamaa za mkewe, na kila kiangazi kiu iliwahamisha.

Nafasi ikawa wazi. Baraza la Mfalme Nyati likakaa kuchagua. Lakini palikuwa na desturi: aliyeshtakiwa hapandi cheo. Hata akichaguliwa, jina lake hutiwa ndani ya kibuyu, kibuyu kikazibwa kwa nta, mpaka shauri lake liishe.

Asubuhi ya baraza, karani Nguchiro akamwendea Kakakuona kisimani.

"Pole, mzee wangu. Imesemwa kwamba maji yalichafuliwa zamu yako."

"Imesemwa na nani?"

"Hilo ndilo linalochunguzwa."

Jina likatiwa kibuyuni. Na kwa kuwa visima havikai bila mkuu, Nguchiro akawa kaimu. Angalieni hapo, wasikilizaji: hakuna aliyesema ameona. Imesemwa, basi.

Kiangazi cha kwanza, Kakakuona akaenda kuulizia. "Shahidi kasafiri," akajibiwa. "Subiri, mzee wangu, uchunguzi unaendelea."

Kiangazi cha pili, akaenda tena. "Shahidi karudi, ila mchunguzi anaumwa. Subiri, mzee wangu, uchunguzi unaendelea."

Kiangazi cha tatu, akaenda tena. "Mchunguzi kapona, ila jalada halionekani. Subiri, mzee wangu, uchunguzi unaendelea."

Nyumbani, mkewe akamuuliza, "Hati ya mashtaka unayo?"

"Sina."

"Basi idai."

"Mtu safi hadai hati, mke wangu. Nikidai, watasema nimeingiwa na hofu."

"Na usipodai, watasema nini?"

Kakakuona akajikunja mviringo, kama afanyavyo akiguswa pabaya, na mazungumzo yakaishia hapo.

Mwaka huo kisima cha magharibi kilikauka mapema. Jamaa za mkewe wakahama, na safari hii hawakurudi.

Siku yake ya kustaafu kwa sheria ya umri ikafika. Kakakuona akaenda kumuaga Mfalme.

"Baraza lilikuchagua wewe," Mfalme akasema. "Nimekuwa nikishangaa mbona shauri lako haliishi. Ulishtakiwa kwa kosa gani hasa?"

"Sijui, Mfalme."

"Hati ilisemaje?"

"Sikupewa hati."

Mfalme akaagiza jalada. Nguchiro akalileta: jani moja pana, tupu pande zote mbili.

"Sikusema ameshtakiwa," Nguchiro akajitetea. "Nilisema imesemwa. Naye hakuomba kuonyeshwa."

"Nami sikuomba," Mfalme akasema taratibu. Miaka mitatu yote, naye angeweza kuomba.

Nguchiro akafukuzwa papo hapo. Kibuyu kikapasuliwa, jina likasomwa. Kakakuona akawa Mkuu wa Visima kuanzia alasiri ile hadi jua kuzama, kwa maana sheria ya umri Mfalme hakuweza kuivunja.

Hakusubiri pongezi. Akaenda magharibi, akachimba kwa kucha zake. Akachimba, akachimba, akachimba. Jua likielekea kutua, akakuta udongo wa baridi, kisha unyevunyevu, kisha maji yakachirizika, membamba kama uzi.

Mkewe akafika, akasimama ukingoni.

"Umeyapata," akasema.

"Nimeyapata."

Akatazama kulia, akatazama kushoto. Vibanda vya jamaa zake vilikuwa vimeanguka, nyasi zimeota milangoni.

"Nani atayanywa?" akauliza.

Safari hii Kakakuona hakujikunja. Na jua likazama.

Hapo ndipo nilipofikishwa nami. La kuongeza sina.
— Nasi la kupunguza hatuna.