Chozi Lililoombwa Korogwe

"Chozi haliibwi, huombwa." Mmeisikia sokoni, wajukuu zangu, mkaicheka. Sipendi methali itamkwe na mtu asiyejua ilikotoka. Kaeni vizuri, msikie ilivyozaliwa.

Tatu, binti wa marehemu dada yangu, aliuza cherehani yake akanunua kamera ili atengeneze filamu hapa Korogwe. Filamu yake ya kwanza ilibakiza tukio moja tu, la msiba. Mwenye nyumba aliyoiazima kwa tukio hilo alimpa siku moja. Akiikosa, filamu isingekamilika, na cherehani imekwisha kwenda. Waombolezaji wa kukodi hakuwamudu.

"Fungeni turubai, pangeni viti," aliwaambia wenzake. "Watu watakuja wenyewe." Kamera wakaificha nyuma ya pazia la dirisha.

Walikuja kweli, kwa maana kwetu turubai haliulizwi. Jirani yake, Bi Siwatu, aliingia na rambirambi mkononi, akaketi mkekani, akalia kilio cha mumewe aliyezikwa mwaka uliotangulia.

Mpiga picha alinong'ona, "Dada, kilio hiki hatukipati tena!"

Tatu alimtazama yule mama. Kisha akalifunua pazia, akaenda kupiga magoti mbele yake na kumrudishia rambirambi.

"Shikamoo, mama. Hakuna aliyekufa. Ni filamu. Nisameheni nyote, tuliyorekodi nayafuta."

"Marahaba... Ati nini? Umeniliza bure, Tatu? Na maharage nimeyaacha jikoni!"

"Nimekosa, mama. Sasa naomba: atakayeridhia, anililie tena kwa hiari yake."

Waombolezaji wawili waliondoka wakisonya, nami siwalaumu. Bi Siwatu alijifuta pua.

"Nendeni mkaniepulie maharage kwanza. Na kamera ikae kushoto. Huku kulia sina meno."

Akalia, na mkeka mzima ukamfuata.

Filamu ilipoonyeshwa katika banda la video, kila mwombolezaji alikuja na ukoo wake kujitazama. Bi Siwatu alikuja mara tano, kila mara na wageni wapya wenye kulipa kiingilio. Banda lilijaa siku tisa. Leo Tatu ana kamera tatu na wafanyakazi kumi na mmoja, na anapohitaji umati hubisha hodi mlango kwa mlango. Najivunia kumwita mwanangu. Angekiiba kilio kile, mtaa ungempa kisogo na banda lingebaki tupu.

Hapo ndipo mtaa ulipoanza kuisema methali hiyo. Basi mnapoitamka, itamkeni kwa heshima: chozi haliibwi, huombwa.