Siku ya Kuvuna na Siku ya Kung'oa

Mtu mmoja alikuwa na ekari mbili kwenye mteremko wa mlima, na hakuwa na ardhi nyingine. Jina lake Ambakisye. Alikuwa mwashi mjini kwa miaka mingi, akawajengea watu nyumba, kisha akarudi kwao na mkewe Tumpe. Nguvu zilianza kumpungua, naye alijua kwamba hana muda wa kukosea mara nyingi. Kwa hiyo akawa anamuuliza kila aliyekutana naye jambo moja: kilimo gani kina faida?

Mwaka wa kwanza aliona malori yakipakia viazi vya jirani yake, naye akapanda viazi. Ugonjwa wa ukungu ukaja, majani yakawa meusi kwa wiki moja, akaliacha shamba lote lioze. Mwaka wa pili akasikia nyanya zinalipa. Wengine nao walikuwa wamesikia, na siku ya soko nyanya zilikosa mnunuzi. Ndipo akapanda miche ya maparachichi. Kiangazi Tumpe aliimwagilia kwa ndoo, akipanda na kushuka kutoka mtoni, hata kila mche akaujua ulivyo. Miche ikashika, ikapita urefu wa mtu. Mwaka wa pili wa miti hiyo akapita mgeni akisifu vitunguu, na Ambakisye akachukua jembe akaing'oa yote. Tumpe alisimama pembeni mwa shamba mpaka mti wa mwisho ulipolala chini.

Mvua ikazidi. Vitunguu vikaoza.

Ndipo akaenda kwa jirani yake, mjane aitwaye Sekela, yule wa malori ya viazi. Sekela alilima viazi miaka yote, wala hakubadili. Ambakisye akamwomba siri yake. Sekela akamjibu kwamba hana la kumwambia, ila kama anataka, aje walime pamoja msimu mmoja.

Akaenda. Walipanda, wakapalilia, viazi vikastawi. Wiki ya saba ukungu ukaingia. Ambakisye alimwona Sekela akikaa juu ya tuta, akijifunika uso kwa khanga na kulia kama mtu aliyefiwa. Akasema moyoni, leo ataacha. Lakini kesho yake asubuhi alimkuta shambani ameshatangulia, aking'oa mashina yenye ugonjwa moja moja na kuyachoma moto, ili yaliyobaki yapone.

"Kumbe nawe yanakupata, dada!" akasema.

Sekela hakuacha kung'oa. "Karibu kila mwaka, kaka. Wewe umezoea kuja kututazama siku ya kuvuna. Siku ya kung'oa hujawahi kuja."

Msimu ule Sekela alivuna nusu tu, na katika hiyo nusu akatenga mbegu.

Ambakisye alirudi nyumbani akiwa mnyonge. Akakaa karibu na mkewe, na kwa mara ya kwanza tangu warudi kijijini akamuuliza yeye, tulime nini? Tumpe akachochea moto. Kisha akasema, "Ile miti niliipenda." Wakapanda tena maparachichi, na safari hii ndoo walizibeba wote wawili.

Mwaka wa tatu miti ikatoa maua, na mvua ya mawe ikayaangusha yote kwa mchana mmoja. Ambakisye akaketi chini katikati ya maua yale, akalia. Watu waliopita njiani walimhurumia, na mmoja akamwambia kwamba ng'ambo ya pili wanalima tangawizi na inalipa sana. Akamshukuru. Kisha akainuka, akaenda kutafuta samadi ya kuweka kwenye mashina. Mwaka uliofuata miti ilizaa. Nywele zake zilikuwa nyeupe, na matawi ya juu alichumiwa na wengine, lakini alikula matunda ya miti yake, yeye na Tumpe.

Ndugu zangu, kila mmoja wetu ameulizia faida ya kazi anayotaka kuianza, ya ndoa anayotaka kuiingia, ya imani anayotaka kuifuata. Ni nani kati yetu aliyejiuliza kwanza ni hasara ipi yuko tayari kuilia, kisha aamke asubuhi aendelee?